Barua ya wazi kwako uliyeko Goma: usizifute zile video

Mdogo wangu,

Umeniambia unataka kufuta video ulizopiga mwaka 2021, zile za baada ya volkano ya Nyiragongo kutulia, kwa kuwa zimejaza simu na “hazionyeshi kitu”. Nakuomba usizifute kabla hujanisikiliza.

Tarehe 8 Mei 1902, asubuhi ya sikukuu ya Kupaa Bwana, mlima Pelée, volkano ya kisiwa cha Martinique huko Karibi, ulishusha wingu la gesi na majivu ya moto juu ya mji wa Saint-Pierre. Kwa dakika chache tu wakafa watu wapatao 28,000. Hapakuwa na kamera ya sinema hata moja. Lakini watazamaji wa Ulaya na Marekani walitaka kuuona mlipuko, basi wakatengenezewa. Mtengeneza filamu Mfaransa Georges Méliès, katika studio yake ya Montreuil, jirani na Paris, alijenga kimji chini ya kilima cha bandia, akakifukizia moshi. Kampuni ya filamu ya Edison, ya Marekani, nayo ilifanya mchezo wa namna hiyo. Ustadi upo, sibishi. Saint-Pierre yenyewe haimo.

Kampuni hiyohiyo ya Edison ilimtuma pia mpiga picha, J. Blair Smith, kisiwani kwenyewe. Alifika mji ukiwa umeshakufa. Akapiga alichokikuta: magofu, kuta zisizo na paa. Filamu fupi, bubu, na hakuna kinacholipuka. Kwangu mimi hiyo inazizidi zote, maana hapo ndipo palikuwa na watu wenye nyumba, maduka na watoto. Maafa hayaishi moto ukizimika; kwa aliyenusurika, ndiyo kwanza yanaanza.

Na wewe unayo ya kwako. Ile ya mama anayetembea juu ya lava iliyoganda pale Buhene, anapima kwa hatua, anasimama, anarudi nyuma, anatafuta ulipokuwa mlango wake. Unasikika ukimuuliza, “Mama, ni hapa?” Naye anajibu bila kukutazama. Smith hakuweza kunasa sauti ya mtu yeyote wa Saint-Pierre. Wewe umeinasa, halafu unasema haionyeshi kitu!

Zihamishie kwenye kompyuta ya shemeji, uzinakili na mahali pengine tena. Kila moja iandikie tarehe na mtaa wakati bado unakumbuka. Na yule mama, kama bado yuko, mtafute umuulize kama angependa apewe nakala.

Kaka yako