Huyu fundi wangu

Shoga yangu,

Nakuandikia maana nikikupigia unakata, unatuma ile meseji ya nitakupigia baadae, na hiyo baadae mimi sijaiona.

Siku ya kicheni pati yako nilifika ukumbini saa tisa na sare 18 za kamati, nilikesha siku mbili nazishona huku Manzese umeme unakatika unarudi, nikakodi bajaji mpaka Mikocheni maana kwenye mwendokasi zingejikunja zote. Wifi yako akauliza huyu nani, ukamjibu "huyu fundi wangu" ukageuka ukaendelea na stori zako. Mchango wa laki moja nilitoa kidogo kidogo mpaka nikamaliza lakini kadi sikuiona, nikabaki nyuma kule nawafunga watu zipu mpaka MC akaanza kuita marafiki wa bibi harusi waingie, nikachukua mkoba wangu nikaondoka.

Ufundi siukatai, ndo unanilisha mimi na wanangu. Ila shoga, cherehani ni ile ile ya mama. Ndo iliyokushonea sketi za marinda 2011 ulipopangiwa form five Tabora na kwenu hata hela ya tranka hakuna, mama akaweka pembeni kazi za watu wawili walioshalipa akakushonea wewe kwanza, mimi nilikuwa nimefeli nimekaa pale pale natia vifungo na roho yangu nyeupe kabisa.

Na mama huyo huyo alivyofariki mwezi wa nne ukatuma elfu hamsini kwenye simu, hujaja, hujapiga. Hela ilinunua sukari ya msibani nashukuru sana, lakini mimi msiba wa baba yako nililala mkekani mpaka tukaanua matanga, na kwenye msiba wa mama watu wakawa wananiuliza mwenzio yuko wapi, nikawaambia yuko safari. Nimewadanganya wazee kwa ajili yako, na hilo ndo linaniuma kuliko hata kadi.

Gauni lako la sendofu lipo tayari, kiuno nimekipunguza kama ulivyotaka. Kwa boda silitumi. Njoo ulichukue mwenyewe, nyumba unaijua, na uje asubuhi jua halijawa kali tupitie makaburini kwanza, mama hujamuaga.