Yule mnene mwenye ndevu ana jina

Mhariri,

Jumamosi iliyopita gazeti lako lilitoa ukurasa mzima kuhusu sinema za kauboi za Waitalia. Niliusoma mara mbili, nikaukata, nimeuweka ndani ya Msahafu wangu usikunjike. Lakini chini ya ile picha kubwa mmeandika: "Clint Eastwood na jambazi mmoja." Hapo mmenikosea. Jambazi huyo namjua tangu nina miaka kumi na tano. Ni mwigizaji wa Kiitalia, anaitwa Mario Brega.

Nilimwona kwanza kwenye sinema ya wazi ya Drive-in, pale Msasani palipo leo Ubalozi wa Marekani. Sisi watoto wa Kinondoni hatukuwa na gari, tulikwenda kwa miguu na kukaa chini nje ya uzio. Spika zilikuwa kwa wenye magari, kwetu yakifika makelele tu. Basi tulijifunza kutazama miili. Wenzangu walimfuata stelingi. Mimi macho yangu yalimganda adui mmoja, jitu la kifua kipana, shingo fupi, ndevu nzito, mikono kama michi. Katika picha ya 1964, A Fistful of Dollars, anaitwa Chico, ndiye anayemfukuza mtoto mdogo kwa kumpigia risasi miguuni. Tulimchukia mpaka basi. Pipa kubwa lilipoviringika na kumponda, uzio mzima ulilipuka kwa shangwe.

Miaka mingi baadaye nilikuja kujua kwamba kabla ya sinema alikuwa muuza nyama, huko huko Roma alikozaliwa mwaka 1923. Mhariri, mimi nimesimama kwenye gogo la bucha miaka 38. Nilipolisikia hilo nilicheka peke yangu, kwa sababu nilikuwa nimekwisha kulihisi bila kuambiwa. Mtu aliyezoea kubeba paja la ng'ombe begani unamjua anavyosimama: anatanua miguu, uzito anauacha visiginoni, na mkono hauinuki mpaka kiuno kimetangulia. Ndivyo anavyopiga Brega.

Tazameni ile ya 1966, The Good, the Bad and the Ugly. Humo ni koplo Wallace katika kambi ya mateka wa vita. Anamtesa Tuco, yaani Eli Wallach, ndani ya kibanda, na nje bendi ya mateka inalazimishwa kupiga muziki ili mayowe yasisikike kambini. Mmoja wa wapigaji analia huku anapiga. Ndani, Brega hana haraka. Hakunji uso wala hapigi kelele za kishetani kama wanavyofanya maadui wengi wa kuigiza. Anafanya kazi. Anakamata kichwa, anakigeuza, anatafuta pa kushika, kama mtu mwenye foleni ya wateja anayetaka kumaliza. Ndiyo maana inatisha. Na ndiyo maana Tuco anaporuka naye kutoka kwenye treni, wawili wamefungwa mnyororo mmoja, akammaliza juu ya mawe kisha akamlaza relini ili treni ijayo imkatie mnyororo, mtazamaji anamwonea Tuco fahari badala ya kumwogopa. Kile kipigo cha kibandani ndicho kilichoilipia fahari hiyo. Nani alikitoa? "Jambazi mmoja"?

Kati ya hizo mbili kuna ya 1965, For a Few Dollars More, humo anaitwa Niño. Picha tatu mfululizo za Sergio Leone, na zote tatu mwongozaji alimrudia mtu yule yule. Halafu 1984, miaka ishirini tangu ile ya kwanza, Leone alipotengeneza Once Upon a Time in America akamwita tena, safari hii jambazi wa mjini mwenye koti. Mwongozaji wa kiwango kile hamrudii mtu kwa kumhurumia.

Jambo jingine ambalo ukurasa wenu haukuligusa ni la sauti. Waitalia wakati ule walipiga picha kwanza, maneno yakaingizwa baadaye studio, na waigizaji katika seti moja waliweza kusema kila mmoja lugha yake. Brega tuliyemjua sisi alikuwa akizungumza kwa koo la mtu mwingine. Sisi tuliokaa kwenye mabanda ya video, tukimsikia mtafsiri Lufufu akiwasemea Wachina na Wamarekani kwa Kiswahili, tunaelewa jambo hilo vizuri zaidi ya wengi. Lakini fikirieni mtu amekaa mbele ya kamera miaka hiyo yote kwa nguvu ya mwili wake peke yake.

Sauti yake mwenyewe nimeisikia mwaka huu tu, kwenye simu ya mjukuu wangu. Ni picha ya 1980 ya Carlo Verdone, mwongozaji na mwigizaji wa Kiitalia, inaitwa Un sacco bello, na aliyeshika mkono kuisaidia itengenezwe ni Leone yule yule. Brega ni baba. Amepungua mwili, mvi zimeingia. Kijana wake ametoroka kwenda kuishi na kundi la dini, naye anamburuta nyumbani na kumwitia kikao: padri, binamu, profesa, kila mmoja amshauri. Verdone ndiye anayecheza kijana, na ndiye anayecheza hao washauri wote watatu. Mjukuu alikuwa ananisomea maneno ya chini, nikamwambia aache. Sikuyahitaji. Baba yule anafoka Kiroma cha mtaani, anapiga meza, na kila anapotulia unaona anaogopa kumpoteza mtoto. Mikono ni ile ile ya kibandani, ila sasa haijui pa kujiweka. Mimi nimewahi kukalisha kikao cha namna hiyo sebuleni kwangu, nikiwa na mikono hiyo hiyo. Nililia, na mjukuu akaniona.

Alicheza kwa Verdone tena 1981 na 1982, na Warumi wakampenda kama mzee wa mtaa wao. Alifariki Roma mwaka 1994.

Ninaomba masahihisho, Mhariri, hata mstari mmoja ukurasa wa ndani. Picha mliyoitoa, upande wa kushoto ni Clint Eastwood. Kulia, mwenye ndevu, ni Mario Brega.

Muuza nyama mstaafu,
Kinondoni, Dar es Salaam