Kwa Rukia, kuhusu wauaji wako watatu na kiinua mgongo chao

Rukia shoga yangu,

Hujambo? Wanao hawajambo? Mimi mzima. Najua umenisubiri, na muswada wa riwaya yako umekaa kwangu kuliko nilivyoahidi. Nimeusoma mara mbili, mara ya pili kalamu mkononi. Mama Jane aliazima nusu ya kwanza na mpaka leo hajairudisha. Nadhani amenasa pale Sofia anapoondoka na gari la wagonjwa, na pale kweli hapaachiki.

Nakuandikia mbio kwa sababu umesema unaupeleka kwa mchapishaji mwisho wa mwezi. Tafadhali, usiupeleke bado. Umetupa wanawake watatu ambao nimewapenda: Adela wa bunduki, Sofia wa usukani, Perpetua wa sindano. Wameanza kazi pamoja mwaka 1981 wakiwa na miaka 22, sasa ni 2019, wametimiza 60, wanaagwa. Sura ya kuagwa ni tamu tangu mwanzo hadi mwisho. Kisha usiku uleule mwajiri wao anatuma vijana wawamalize, na sababu uliyoitoa ni sentensi moja, kwamba wanajua mengi mno.

Rukia, wamejua mengi kwa miaka 38. Kwa nini wauawe leo?

Msomaji wa riwaya za taharuki anasamehe mengi, lakini akijiuliza "kwa nini leo" akakosa jibu, risasi zote zinazofuata zinageuka makelele. Na jibu lenyewe unalo, hujaliokota tu. Ni huko kustaafu. Kwako kustaafu ni keki na hotuba, hakuna karatasi. Lakini mtu hastaafu bila tarehe, bila hesabu, bila makabidhiano, bila wa kutia saini. Mfikirie Virginia Hall, jasusi wa kweli, Mmarekani aliyefanya kazi ndani ya Ufaransa iliyotekwa na Wajerumani akiwa na mguu mmoja wa mbao. Novemba 1942 aliukimbia mkono wao kwa kuvuka milima ya Pyrenees kwa miguu, na mwaka 1944 akarudi amejigeuza mwanamke mzee wa shambani. Wajerumani hawakumtoa kazini. Kilichomtoa ni kalenda: mwaka 1966 alitimiza 60, umri wa lazima wa kustaafu CIA, akaenda nyumbani. Hiyo ndiyo nguvu unayoihitaji, tarehe isiyobembelezeka.

Sasa iweke tarehe hiyo pamoja na pesa. Tuseme tangu 1981 kila malipo yalikatwa sehemu ya kumi, ikawekwa ili walipwe wakistaafu. Idara kama yao haina mfuko unaokaguliwa, kwa hiyo pesa zote zilishikwa na mtu mmoja. Mtu huyo amezila. Kwa miaka mingi haikumsumbua, kwa kuwa wenzao wengi walikufa kazini na marehemu hadai. Hawa watatu wamefika salama, tena wote mwezi mmoja, na kuwaua ni rahisi kuliko kuwalipa. Hapo "kwa nini leo" imejibiwa, adui amepata sura, na wanawake wako wana uzi wa kufuata, uzi wa hesabu, badala ya kukimbia tu sura 14 mfululizo. Nitalirudia hili, maana sijamaliza nalo.

Umri. Umeandika "goti lilimuuma" mara tisa (nimehesabu), na mara zote tisa goti halikubadilisha chochote. Adela anaumwa goti, anaruka ukuta. Kama umri haumzuii njia moja na kumlazimisha kutafuta nyingine, ufute. Anza na macho, maana yeye ni mpiga risasi. Baada ya miaka 40 na kitu lenzi ya jicho hukakamaa, mtu akashindwa kuona vya karibu. Ncha ya kulengea shabaha kwenye bastola inakaa urefu wa mkono, kama sentimita 60 au 70 kutoka usoni. Kwa miwani ya mbali ina ukungu, na kwa miwani ya kusomea, ambayo kwa kawaida hupimwa kwa kama sentimita 40, ina ukungu pia. Akivaa ile yenye nguvu zote ndani ya kioo kimoja, atainua kidevu ili aone kupitia sehemu ya chini, na shingo itamchoka. Mtu makini kama yeye angejitengenezea miwani maalumu kwa umbali ule mmoja. Halafu avunjikiwe nayo sura ya 9. Hebu ona umepata tukio lenye uzito kiasi gani kutoka kwa kipande cha kioo.

Na giza. Mboni ya mzee haitanuki kama ya kijana, na lenzi imeingia umanjano. Jicho la miaka 60 hupokea takriban theluthi moja ya mwanga unaopokewa na jicho la miaka 20, na huchukua muda mrefu zaidi kuzoea giza. Kwa hiyo ule mpango wa kuzima taa ghalani unawapa ushindi wale vijana! Wageuze: wawashe taa zote ghafla, vijana wakiwa wamekwisha kuzoea giza.

Mikono nayo. Kukoki bastola kunataka kushika chuma kwa vidole na kuvuta kwa nguvu, na wanawake wengi baada ya kukoma hedhi hupata ugonjwa wa viungo kwenye shina la kidole gumba. Perpetua angepata shida hapo. Mpe rivolva, ile bastola ya silinda inayozunguka, haina haja ya kukokiwa na haitupi maganda sakafuni, ila triga yake ni nzito, kilo 5 hivi kwa mtindo wa kuvuta moja kwa moja, na mkono hutikisika. Halafu ile "pfft" ya kizuia sauti uiondoe kabisa. Bastola ya milimita 9 hupiga kama desibeli 160. Kizuia sauti hupunguza 20 hadi 35, inabaki zaidi ya 120. Jirani anasikia. Andika jirani aliyesikia.

Mapigano ya ngazini ni kurasa nne, bibi wa miaka 60 anapigana ngumi na mwanamume wa 30. Sikuamini hata moja. Baada ya miaka 30 misuli hupungua asilimia 3 hadi 8 kila miaka kumi, na baada ya 60 kasi inaongezeka. Mifupa ya mwanamke huweza kupoteza hadi asilimia 20 ya uzito wake katika miaka 5 hadi 7 tangu hedhi ikome. Akianguka vibaya nyonga inavunjika na riwaya imekwisha. Sofia lazima ashinde kabla hawajashikana: mlango, kishikio cha ngazi, mafuta sakafuni, mwenzake aliye nyuma. Yaishe kwa aya moja. Kisha zile kurasa tatu zilizobaki zitumie kwa kesho yake: anashindwa kufunga kifungo, na kwa kuwa anameza warfarini, dawa ya kuzuia damu isigande, mkono mzima umevilia damu kama zambarau, na mtu wa mapokezi anauliza umefanyaje.

Dawa ni hazina ambayo hujaigusa. Dawa ya presha aina ya propranolol huzuia moyo kwenda mbio na hutuliza mtetemo wa mikono. Ndiyo maana imepigwa marufuku katika mashindano ya kulenga shabaha. Kim Jong-su wa Korea Kaskazini alinyang'anywa medali zake mbili za Beijing 2008 kwa sababu hiyo. Sasa mpe Adela dawa hiyo kwa amri ya daktari. Mkono wake unatulia kuliko wa kijana yeyote, ila akipanda ghorofa tatu moyo unakataa kuongeza kasi na pumzi inamwishia. Uzuri na ubaya kwenye kidonge kimoja. Ningekuwa wewe ningeijenga sura nzima ya mwisho juu yake.

Halafu lile la "hakuna anayemwona mwanamke mzee". Ni kweli, nalo ndilo moyo wa kitabu, lakini umelitaja badala ya kulitumia. Mwanamke mzee haonekani pale tu anapotarajiwa kuwapo: foleni ya kliniki, kanisani, nyuma ya ndoo ya kudekia. Umempeleka Perpetua kwenye disko saa saba usiku, na humo ni yeye peke yake ambaye kila mtu angemkumbuka. Melita Norwood aliwapa Wasovieti siri za Uingereza kwa miaka kama 40, na dunia ikaja kumjua mwaka 1999, bibi wa miaka 87. Alikuwa katibu muhtasi ofisini. Mahali pake palimficha.

Kamera lakini hazidharau wazee. Januari 2010, Mahmoud al-Mabhouh, kamanda wa Hamas, alipouawa hotelini Dubai, polisi walikusanya picha za CCTV za uwanja wa ndege na hoteli, wakazitangaza nyuso za watuhumiwa pamoja na pasi walizotumia, wengine wakiwa wamevaa kama wacheza tenisi. Ujuzi wa 1981, picha ya kubandika kwenye pasi na wigi, haupiti hapo. Hii ni huzuni nzuri kwa wanawake wako: wamekutwa na wakati ulioiua kazi yao. Mahali fulani Adela alipaswa kukaa na pasi zake tano za zamani na kugundua hakuna inayofaa hata moja.

Jambo dogo: sura ya 4 Sofia yuko kazini mwaka 1974. Alikuwa na miaka 15. Andika karatasi moja yenye miaka na umri wa kila mmoja, uibandike ukutani.

Narudi kwa yule mla pesa. Usimfanye kijana mpya kutoka nje. Awe ndiye aliyewafunza, mzee kuliko wao, anayestaafu wiki hiyohiyo, na alizila pesa akiamini kwa dhati kwamba hakuna hata mmoja atakayefika 60. Alikuwa na ushahidi wa kutosha wa kuamini hivyo. Tukio la mwisho lisiwe bomu, wamkalishe mezani awasomee daftari, jina kwa jina, wakiwamo waliokufa.

Sasa niambie: nani alisaini barua zao za kustaafu? Wenzao waliokufa walikuwa wangapi, na familia zao zililipwa nini? Perpetua ana mjukuu au nimemchanganya na yule wa muswada wa zamani? Mchapishaji anaweza kukuongezea wiki sita? Umemwonyesha Halima, na yeye aliuliza swali langu? Na mwisho wa sura ya 12, Adela anaposema "nimechoka kusubiri", anasubiri nini hasa?

Akupendaye,
Tatu