Picha za zamani hazijileti zenyewe

Mhariri, salamu. Watu wakitazama filamu ya historia na kumwona Idi Amin, rais wa Uganda wa wakati ule, akihutubia mwaka 1972 wanadhani zile picha zilikuwa mahali zinangoja tu, hapana, kuna mtafutaji wa picha za zamani alikaa akisoma kadi za maktaba ya filamu zimeandikwa "Kampala, umati" bila tarehe, akaangalia magari na majengo ya nyuma ajue ni mwaka gani, halafu ndo aanze kumtafuta mwenye haki za picha hizo amlipe, na bei mara nyingi inahesabiwa kwa sekunde ama dakika, tena inategemea itaonyeshwa nchi gani na kwa miaka mingapi. Sisi Waganda tunanunua sura za wazee wetu toka London! Inaniuma sana.

Na zetu za hapa? Mkanda wa filamu ukianza kunuka siki ujue unaoza, joto na unyevu vinaumaliza. Lakini kuziokoa inawezekana, mwaka 2015 negativu kama 70,000 zilipatikana UBC, shirika la utangazaji la Uganda, nyingi za enzi za Amin, zikaanza kuskeniwa na 2019 watu wakaziona Makumbusho ya Uganda. Hizo ni picha za mnato, za filamu je? Serikali itoe hela ya skana na chumba baridi, na maprodyusa waandike majina ya hawa watafutaji.

Msomaji wako, Kampala