Jumamosi: tunaanza wimbo wa mpelelezi

Wapendwa, mazoezi ya bendi ni Jumamosi saa tisa mchana, Ntinda (Kampala), ukumbi ule ule. Tunaanza "Peter Gunn" ya Henry Mancini, muziki wa tamthilia ya upelelezi iliyoanza kwenye televisheni ya Marekani mwaka 1958. Hata usipolijua jina, ukisikia besi utasema "aah, kumbe huu!"

Tunaupiga kwenye ufunguo wa F kama ulivyo. Saksafoni za tena (tenor), noti zenu huandikwa tofauti na za piano, kwa hiyo kwenu hiyo ni G. Alto, ni D. Tafadhali mje mmeshazoea, tusipoteze saa nzima kutafutana.

Besi, gitaa na piano wanarudia mstari mmoja mwanzo hadi mwisho, kodi (chord, yaani noti zinazopigwa pamoja) haibadiliki. Unaonekana rahisi, na ndiyo maana bendi nyingi huuharibu: watu wanachoka, wanaanza kukimbia. Msikimbie! Mpiga dramu, wewe ndiye askari wa zamu.

Saksafoni, nataka sauti nzito ya zamani, si ile laini ya harusini. Guna kooni huku unapuliza, sauti ikwaruze. Noti ndefu iingie kutoka chini kidogo, kisha ipande mahali pake. Mtetemo uje mwishoni tu. Na mapambo mengi hapana, jamani. Mpelelezi haongei sana. (Mancini mwenyewe alisema wimbo huu una rokenroli zaidi kuliko jazi, kwa hiyo msiniletee ubishi wa usafi wa jazi.)

Mwenye ridi (kile kibanzi cha mdomoni) ya ziada ya saksafoni ya tena aje nayo. Wa boda, funikeni masanduku, mvua imechachamaa. Nani hatakuja? Aseme leo.