Mwanaskii hapimwi kwa nafasi aliyomaliza

Mhariri,

Kila mwanaskii wa Kenya, Sabrina Simader, anapotajwa katika kurasa za michezo, jina lake huandamana na nambari mbili: nafasi ya 38 katika Super-G (mbio za kasi, mlima hushukwa mara moja) na ya 59 katika slalomu kubwa (mbio za kona nyingi, mlima hushukwa mara mbili), Olimpiki za Majira ya Baridi za Pyeongchang, 2018. Msomaji aliyezoea kuona Wakenya wakipanda jukwaani kuvishwa medali hufunga gazeti akidhani dada huyu alikwenda kutalii. Nambari hizo ni za kweli, lakini zikiachwa peke yake zinapotosha. Naomba dawati lenu la michezo lianze kuripoti mchezo huu kwa kipimo chake chenyewe, yaani pointi za FIS, shirikisho la kimataifa la skii.

Katika skii, mwenye pointi chache ndiye bora, na mabingwa huwa karibu na sifuri. Hesabu yenyewe si ngumu. Chukua muda uliozidiwa na mshindi, ugawe kwa muda wa mshindi, kisha uzidishe kwa 1010 ikiwa ni slalomu kubwa, au 1190 ikiwa ni Super-G. Tuseme mshindi wa slalomu kubwa ametumia sekunde 110 kwa awamu zote mbili, nawe umetumia 114.4. Umezidiwa sekunde 4.4, yaani asilimia 4, kwa hiyo unapata pointi 40.4. Juu yake huwekwa nyongeza ya shindano, ambayo hutokana na ubora wa walioshiriki: wakiwa wakali nyongeza huwa ndogo, wakiwa wa kawaida huwa kubwa. Ikiwa ni 30, unarudi nyumbani na 70.4. Ndiyo maana hata anayeshinda shindano dogo la kijijini hapati sifuri.

Ili mtu aingie slalomu (mbio za kona za karibu zaidi) au slalomu kubwa ya Pyeongchang kupitia nafasi ya nchi yake, wastani wa matokeo yake matano bora haukupaswa kuzidi pointi 140, kati ya Julai 2016 na Januari 2018. Kwa Super-G sharti lilikuwa kali zaidi: pointi zisizozidi 80, na uwe miongoni mwa 500 bora duniani katika mbio hizo. Hivyo kule kuonekana kwa Simader kwenye lango la kuanzia Super-G ni matokeo tosha ya kuandikwa, kabla hata saa haijaanza kuhesabu.

Kuna jambo jingine ambalo jedwali la matokeo halionyeshi, nalo ni nambari ya kuanzia, yaani zamu ya kuondoka. Wanaofuatilia Safari Rally kule Naivasha watanielewa upesi. Magari huondoka moja moja, na njia ya mchanga laini ikishapitiwa na magari kadhaa huwa mitaro mitupu. Anayekuja nyuma hapambani tena na njia ile ile. Skii ni hivyo hivyo. Mteremko wa mashindano hunyweshwa maji ukaganda hadi ukakaribia ugumu wa sakafu ya terazo, lakini makali ya skii za watu arobaini yakishapita mahali pamoja, kila mlango, yaani vijiti ambavyo mwanaskii lazima avipitie, huwa na shimo lake. Kwa kawaida wanaoanza mapema ni wenye pointi nzuri. Mwenye pointi mbaya huanza nyuma, hukuta mashimo, hupoteza muda, na pointi zake hubaki mbaya. Kujinasua katika mzunguko huo ndiyo kazi kubwa ya mwanaskii anayetoka nchi ndogo katika mchezo huu, na huchukua miaka. Katika Super-G ile ile ya 2018, Ester Ledecká wa Cheki aliondoka wa 26 akamshinda Anna Veith wa Austria kwa sekunde 0.01, na ulimwengu wa skii ulipigwa na butwaa kwa sababu mshindi karibu kila mara hutoka miongoni mwa wa mwanzo.

Shimo hilo humwangushaje mtu? Skii ya slalomu kubwa ya wanawake ina urefu wa sentimita 188 na imechongwa kwa mkunjo wenye nusu kipenyo cha mita 30, kwa hiyo haikubali kukatwa kona ghafla. Kona lazima ianzishwe juu ya mlango, mapema. Ukichelewa nusu sekunde unaingia shimoni ukiwa bado unageuka, skii ya nje inaruka, nyonga inalalia ndani, uzito unahamia skii ya ndani, nayo inateleza. Wengi wa wasiomaliza huanguka namna hiyo, si kwa woga. Makali ya chuma hunolewa kila siku, upande wake kwa kawaida nyuzi 87. Yakiwa butu, barafu haishikiki hata kwa fundi aliye bora. Super-G inaongeza ugumu wa aina yake: hakuna zoezi la mwendo kamili kwenye njia hiyo. Unaikagua asubuhi polepole, unaikariri, kisha unaishuka mara moja tu, kwa kasi inayoweza kupita kilomita 100 kwa saa.

Simader alizaliwa Kenya akapelekwa Austria akiwa na miaka mitatu, na baba yake wa kambo ndiye aliyemwingiza katika mchezo huu. Alikuwa Mkenya wa kwanza kushindana katika skii ya milimani kwenye Olimpiki. Tusimlinganishe na Philip Boit wa Nagano 1998. Boit alikimbia skii za masafa, kilomita 10, mchezo wa mapafu zaidi ambao mwanariadha wa mbio za kati angeweza kujifunza ukubwani. Skii ya milimani hutaka mtoto aanze mapema, na mlima wa karibu zaidi wenye mteremko wa kujifunzia ni Afriski kule Lesotho, zaidi ya mita 3,000 juu ya usawa wa bahari.

Tukimpata mwingine, kalenda ndiyo ya kuangaliwa. Mazoezi kwenye barafu za milima ya Hintertux na Sölden, Austria, huanza mapema, na Kombe la Dunia la skii hufunguliwa Sölden mwishoni mwa Oktoba. Fedha za kumfadhili mwanaskii zikitoka Januari, dirisha la kufuzu Olimpiki linakuwa linafungwa, na skii zilizopaswa kununuliwa Agosti hazina tena kazi.

Kwa hiyo, Mhariri, mwanaskii wetu akishiriki tena, naomba mtuandikie mambo manne: aina ya mbio, nambari aliyoanzia, asilimia aliyozidiwa na mshindi, na pointi alizopata. Yote hupatikana kwenye karatasi ya matokeo siku hiyo hiyo, nayo hayazidi mistari miwili ya gazeti.

Msomaji wenu,
Lang'ata, Nairobi