Dini ya upepo haikuanza na vijana hawa

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wenu wa barua nimjibu msomaji ambaye Jumamosi iliyopita aliwalaani vijana wa chuo waliojitungia dini ya kuabudu upepo. Kwa maelezo yake, waumini hao huacha madirisha wazi usiku na mchana, husimama kuelekea kaskazini wanapoomba, na sikukuu yao kubwa wameipanga iwe katikati ya mwezi wa Juni. Msomaji huyo aliita jambo hilo kufuru isiyopata kutokea tangu dunia kuumbwa. Sina nia ya kuwatetea vijana hao, ambao nadhani wanafanya mzaha tu, lakini maneno hayo ya mwisho si kweli, na mwalimu, hata akistaafu, hupata tabu kuliacha kosa lipite.

Upepo umeabudiwa, tena na watu wenye akili zao timamu. Mabamba ya udongo yaliyofukuliwa Knossos, katika kisiwa cha Krete, ambayo umri wake unapita miaka 3,000, yana hesabu ya mafuta aliyopewa kuhani wa kike wa pepo. Nasema pepo hizi zivumazo, na nalazimika kufafanua kwa sababu ya lugha yetu wenyewe: mtu akiaga jioni kwamba anakwenda ufukweni kupunga upepo hakuna anayeshtuka, lakini akisema anakwenda kupunga pepo, majirani watauliza mgonjwa ni nani. Wala si Waswahili peke yao walioyaweka mambo haya mawili karibu. Kiebrania kina neno moja, ruach, kwa upepo na kwa roho, pneuma ya Kigiriki ilibeba maana zote mbili, na katika Kiarabu neno la upepo na neno la roho yametoka kwenye shina moja.

Kisa ninachokipenda zaidi ni cha Waathene. Mwaka 480 KK mfalme Xerxes wa Uajemi alikuja kuivamia Ugiriki kwa nchi kavu na kwa bahari, naye Herodotus, mwanahistoria wa karne hiyo hiyo, anasimulia kwamba Waathene waliambiwa na mzimu wao wa kupigia ramli wamwombe mkwe wao msaada. Wakafikiri sana mkwe huyo ni nani, hata wakakumbuka kwamba Boreas, upepo wa kaskazini, alimnyakua zamani Oreithyia, binti wa mfalme wao Erechtheus, akamfanya mkewe. Basi wakamtolea sadaka kama watu wanaomkumbusha mkwe wajibu wake kwa ukoo. Tufani ikazipiga merikebu za Waajemi kwenye pwani ya Magnesia kwa siku tatu, na kwa hesabu ya chini kabisa anayoitoa Herodotus zikaangamia merikebu za vita zisizopungua 400. Waathene waliporudi kwao walimjengea Boreas hekalu kando ya mto Ilissos. Upande wa pili, Mamajusi waliokuwa pamoja na Waajemi nao walichinja na kuusomea upepo ule maneno yao, na siku ya nne ukatulia. Ila Herodotus anaongeza, na hapa ndipo ninapomheshimu, kwamba huenda ulitulia kwa kupenda kwake wenyewe.

Wajapani nao, baada ya tufani kuzivunja merikebu za Wamongolia waliokuja kuwavamia mwaka 1274 na tena mwaka 1281, waliziita tufani hizo upepo wa kiungu. Huko Meksiko, Waazteki walimwabudu Ehecatl, mungu wa upepo aliyefagia njia ili mvua ipite, na mahekalu yake waliyajenga kwa umbo la mviringo, yasiwe na pembe za kuuzuia upepo. Moja lilionekana mwaka 1967 katika Jiji la Meksiko wakati wa kuchimba njia ya treni za chini ya ardhi, na mpaka leo abiria wa kituo cha Pino Suárez hupita kando yake.

Hao wote walikuwa na deni kwa upepo. Kuna aliyeokolewa nao vitani, na kuna aliyeutegemea umletee mvua ya shamba. Hilo ndilo ninaloliona limekosekana katika dini ya vijana wetu, ambao upepo haujawapa kitu wala haujawanyang'anya kitu, isipokuwa labda nguo kwenye kamba.

Pwani hii ndiyo iliyokuwa na deni kubwa. Majahazi ya Uarabuni, ya Ghuba na ya Bara Hindi yalishuka na kaskazi na kurudi na kusi, na aliyechelewa kung'oa nanga alikaa miezi kadhaa akingoja, akaoa, akazaa. Wengi wetu tumetokana na kungoja huko. Hata hivyo wazee wetu hawakuuabudu upepo. Marehemu baba yangu alikuwa baharia hapa Pangani, akipakia nazi na mbata kwenda Unguja. Nilipokuwa mdogo alinichukua safari moja tukashikwa na shwari, tanga limelegea kama nguo iliyolowa, nami nikaropoka tusi kwa upepo uliogoma. Alinifinya sikio akaniambia kuwa Mtume alikataza kuutukana upepo, kwa kuwa nao umeamrishwa. Katika Kurani pepo ni wabashiri wanaotangulia mvua, na ni upepo huo huo uliowaangamiza kaumu ya Adi kwa masiku saba na michana minane. Jirani zetu Wakristo nao husoma jinsi Eliya alivyosimama mlimani, upepo ukapasua miamba, naye Bwana hakuwamo katika upepo ule. Wazee walilijua deni lao vizuri, ila walimlipa Mwenye upepo.

Kwa hiyo namwomba msomaji wa Jumamosi asiwaogope sana vijana hao. Dini ambayo haijapata kumngojesha mtu siku tatu baharini, maji ya kunywa yakipungua kwenye pipa, sidhani kama itafika mwaka wa pili. Na wao wenyewe, kama bado wameshikilia sikukuu yao, nawashauri waipitie upya kalenda. Kaskazi huvuma kuanzia Desemba hivi hadi Machi. Katikati ya Juni pwani yote imeshikwa na kusi, na waumini watakaosimama siku hiyo kuelekea kaskazini watakuwa wamempa mungu wao mgongo.

Mwalimu mstaafu,
Pangani, Tanga